Vinara wa Video: Rekodi za Burudani Yetu, Zikihesabiwa Kutoka Sitalike

Sitalike ni kijiji cha njiani. Kipo kilomita 37 hivi kusini mwa Mpanda, katika Halmashauri ya Nsimbo, mlangoni kabisa mwa Hifadhi ya Taifa ya Katavi. Wageni hufika na kamera zao kuwapiga picha viboko wanaobanana kwenye madimbwi ya Mto Katuma kiangazi kinapokolea. Wenyeji nao wana video zao: muvi iliyotafsiriwa, tamthilia ya jioni, kibao kipya cha Bongo Fleva, ngoma ya Kisukuma iliyorekodiwa uwanjani mwa boma. Wanazitazama kwenye simu, kwenye king'amuzi cha jirani au kwenye banda la video.

Indonesia wana taasisi maalumu ya kutunza rekodi, MURI, aliyoianzisha Jaya Suprana mjini Semarang mwaka 1990. Huko anayekuwa wa kwanza au anayewapita wenzake wote huandikwa jina. Sisi hatuna daftari la namna hiyo kwa burudani yetu. Rekodi zetu zimetawanyika magazetini, YouTube na vichwani mwa watu. Hapa nimekusanya zinazostahili kukumbukwa, nikizitazama kwa jicho la mtu wa Sitalike, kwa sababu ndiye anayesahaulika kila hesabu zinapopigwa.

Kongwe zaidi: sinema za Vugiri

Miaka mingi kabla ya Bongo Movie kulikuwa na Vugiri, kwenye milima ya Usambara. Kati ya mwaka 1935 na 1937 mradi ulioitwa Bantu Educational Kinema Experiment ulitengeneza hapo filamu zipatazo 35, waigizaji wakiwa Waafrika. Mada zilichaguliwa na wakoloni: kilimo bora, minyoo ya safura, kuweka akiba posta. Filamu zikapakiwa kwenye lori na kuzungushwa Tanganyika na nchi za jirani, zikionyeshwa usiku uwanjani kwa watu ambao wengi wao hawakuwa wameona picha zikitembea.

Jambo la kukumbuka ni sauti. Haikuwa ndani ya filamu yenyewe. Ilirekodiwa kwenye santuri kwa lugha ya wenyeji na kuchezwa sambamba na picha. Kwa hiyo tangu zama hizo za mwanzo za sinema katika nchi hii palikuwa na picha upande mmoja na msimulizi wa lugha yetu upande wa pili. Tutamkuta tena msimulizi huyo huko mbele.

Ya kwanza kwa rangi, na ya kuchelewa kuliko nyingi

Televisheni Zanzibar ilianza mwaka 1973, na ilianza moja kwa moja kwa rangi, ikiwa ya kwanza kusini mwa Sahara. Afrika Kusini, pamoja na utajiri wake wote, haikuwa na televisheni ya kitaifa hadi 1976. Lakini Tanzania Bara ilikaa bila kituo chake hata kimoja hadi mwaka 1994, ITV na vituo vingine vya watu binafsi vilipoanza. Televisheni ya serikali, TVT, ilifuata mwaka 2000. Muungano mmoja ukawa na rekodi mbili zinazopishana: upande mmoja uliwahi kuliko majirani, upande mwingine ulikuwa miongoni mwa waliochelewa sana.

Halafu tukakimbia. Tarehe 31 Desemba 2012 mitambo ya analojia ilizimwa Dar es Salaam, na Tanzania ikawatangulia majirani zake wa Afrika Mashariki katika kuhamia dijitali. Mwaka huohuo mkoa wa Katavi ulizaliwa kutoka Rukwa. Mkoa mpya ukakua pamoja na king'amuzi na dishi, huku Mpanda mjini penyewe kwa miaka mingi pakitegemea umeme wa jenereta za dizeli.

Sauti maarufu zaidi isiyo na sura: Lufufu

Ukimuuliza mtu aliyekulia kwenye mabanda ya video miaka ya 1990 na 2000 nani alikuwa nyota wake, huenda akataja Bruce Lee au Rambo. Mwulize basi Rambo alikuwa anaongea na sauti ya nani. Atakwambia: Lufufu.

Kapteni Derek Mukandala, aliyejulikana kwa jina hilo, ndiye msimulizi wa filamu aliyepata umaarufu mkubwa kuliko wote Tanzania katika zama za kanda. Kazi yake ilikwenda mbali kuliko kutafsiri. Alieleza, alikisia, aliongeza chumvi, aliwapa wahusika majina na kuwaonya watazamaji kwamba jambazi yuko nyuma ya mlango. Hollywood, Hong Kong na Bombay zote ziliingia kijijini kupitia mdomo wake. Baada yake wakaja wengine, na leo majina kama DJ Mack na DJ Murphy yanauza filamu kuliko jina la mwigizaji mwenyewe. Kenya wana DJ Afro, Uganda wana VJ Jingo.

Huyu ndiye msimulizi wa Vugiri aliyerudi, ila safari hii hatumwi na serikali kufundisha habari za safura. Amejituma mwenyewe, na watu wanamlipa.

Usimulizi huu pia ndio chanzo cha ugomvi mkali zaidi wa soko letu. Mwaka 2013 Mamlaka ya Mapato ilianza kutaka kazi za filamu na muziki zibandikwe stempu za kodi. Msanii wa ndani akabandika, lakini filamu za nje ziliendelea kurudufiwa na kuuzwa bila stempu, kwa bei ambayo yeye hawezi kuishusha. Aprili 2017 waigizaji wa Bongo Movie waliandamana Kariakoo kulalamikia jambo hilo. Walikuwa na haki ya kulalamika. Hata hivyo, mtazamaji wa kijijini naye alikuwa na sababu zake: filamu ya nje ilimfikia, kwa lugha yake, kwa bei yake.

Bajeti ndogo zaidi, kelele kubwa zaidi: Kapteni Alex wa Wakaliga

Rekodi hii ni ya jirani zetu. Mwaka 2010, katika mtaa wa Wakaliga jijini Kampala, Isaac Nabwana alitoa filamu ya mapigano iitwayo Who Killed Captain Alex? Gharama yake imetajwa kuwa chini ya dola 200. Bunduki zilichongwa na kuungwa kwa vyuma chakavu, na milipuko ilitengenezwa kwenye kompyuta iliyokuwapo hapo mtaani. Juu ya picha inasikika sauti ya VJ Emmie, akipiga kelele na kushangilia kama yuko bandani na watazamaji.

Kilichosambaa duniani kupitia YouTube kilikuwa ni filamu pamoja na msimulizi wake. Mmarekani na Mjapani walioitazama walikuwa wanaonja, bila kujua, raha ya jioni ya mabanda ya Afrika Mashariki. Usimulizi ambao wasomi wengi waliuona ni uharamia mtupu umepata heshima yake kama sanaa.

Filamu iliyofungua njia, na msiba uliojaza uwanja

Mwaka 2003 ilitoka Girlfriend, filamu iliyohusishwa na George Tyson, Mkenya aliyefanya kazi kubwa Dar es Salaam, na ndani yake akaigiza mwanamuziki TID. Ilichukua nyota wa Bongo Fleva na kuwaweka kwenye hadithi ya filamu, na wengi huihesabu kuwa mwanzo wa zama za Bongo Movie. Miaka michache baadaye mitaa ya Kariakoo ilikuwa na wasambazaji wanaotoa filamu mpya mfululizo, na DVD zikasafiri kwa mabasi mpaka kwenye minada.

Nyota mkubwa kuliko wote wa zama hizo alikuwa Steven Kanumba, mzaliwa wa Shinyanga. Dar to Lagos ya mwaka 2006 ilimvusha hadi Nigeria, akawa Mtanzania wa kwanza kujenga jina la kweli katika filamu akishirikiana na watu wa Nollywood. Alifariki tarehe 7 Aprili 2012 akiwa na miaka 28. Mazishi yake, yaliyoanzia viwanja vya Leaders na kuishia makaburi ya Kinondoni, yalikusanya maelfu ya watu na kuonyeshwa mubashara kwenye televisheni. Hakuna mwigizaji wa Kitanzania, kabla yake au baada yake, aliyezikwa na umati wa namna ile. Kwa kiwanda ambacho hakikuwa na takwimu za watazamaji, ule umati ulikuwa ndiyo hesabu.

Bilioni ya kwanza: Diamond Platnumz

Mwaka 2020 video za Diamond Platnumz, kijana wa Tandale, zilifikisha jumla ya kutazamwa mara bilioni 1 kwenye YouTube. Alitangazwa kuwa msanii wa kwanza anayeishi kusini mwa Sahara kufika hapo. Lagos na Johannesburg, miji yenye makampuni makubwa ya muziki, zilitanguliwa na Dar es Salaam.

Mwishoni mwa mwaka huohuo akatoa Waah! pamoja na Koffi Olomide, na ikaripotiwa kutazamwa zaidi ya mara milioni 1 ndani ya saa 8 tu. Kabla ya hapo, mwaka 2019, alishirikiana na Innoss'B wa Goma katika Yope Remix, ambayo imevuka milioni 200. Ukiangalia vizuri utaona siri ya hesabu hizi: Kongo. Wimbo unaoshika Dar na Kinshasa kwa wakati mmoja una nchi mbili zenye watu wengi wa kuubeba. Katavi yenyewe, ng'ambo ya Ziwa Tanganyika kutoka Kongo, imezoea rumba ya Kikongo tangu zama za redio.

Kwa kulinganisha, video iliyotazamwa kuliko zote duniani ni Baby Shark, wimbo wa watoto kutoka Korea Kusini, uliokuwa wa kwanza kufika bilioni 10, Januari 2022. Mtoto mmoja hurudia video ileile mara ishirini kwa siku, kwa hiyo bilioni za YouTube hazina maana ya mabilioni ya watu. Tulikumbuke hilo tunapobishana nani kamzidi nani.

Zuchu naye ana rekodi yake. Alitajwa mwaka 2021 kuwa mwanamke wa kwanza Afrika Mashariki ambaye video zake zimetazamwa jumla ya mara milioni 100, na Sukari ndiyo iliyosukuma sana hesabu hiyo. Ni binti wa Khadija Kopa, malkia wa taarabu. Mama alijaza kumbi, binti akajaza simu, na sauti ya pwani haikupotea njiani. Rayvanny kwa upande wake alishinda tuzo ya BET mwaka 2017 kwa kura za watazamaji wa kimataifa.

Safari ndefu zaidi kutoka bomani: Kili na Neema Paul

Rekodi hii naipenda kuliko zote. Kili Paul na dada yake Neema ni Wamasai wa mkoa wa Pwani. Mwaka 2021 walianza kuigiza midomo ya nyimbo za filamu za Kihindi, wamevaa shuka, nyuma yao nyasi na ng'ombe. Raataan Lambiyan, wimbo wa filamu ya Shershaah, ndio uliowafikisha India. Februari 2022 ubalozi wa India nchini ulimpa Kili heshima, na mwezi huohuo Waziri Mkuu Narendra Modi aliwataja wote wawili kwenye hotuba yake ya redio ya kila mwezi.

Hawakuwa na studio, prodyuza wala meneja. Walikuwa na simu na mapenzi ya kweli kwa nyimbo za Kihindi, mapenzi ambayo Watanzania wamekuwa nayo tangu zama za kumbi za sinema za Zanzibar na Dar. Kwa vizazi vingi sisi ndio tuliowatazama Wahindi. Kili na Neema waliwafanya Wahindi watutazame. Kijana wa Sitalike mwenye simu janja, na mto wenye viboko mlangoni pake, asome habari hii mara mbili.

Tamthilia ndefu, na ya kwanza ya Kichina kusema Kiswahili

Waindonesia ni mabingwa wa tamthilia ndefu. Tukang Bubur Naik Haji, kisa cha muuza uji wa mchele aliyejaliwa kwenda Hija, ilirushwa na kituo cha RCTI kati ya 2012 na 2017 kwa zaidi ya vipindi 2,000. Kwetu, chaneli ya Maisha Magic Bongo ndiyo iliyotufundisha kukaa na hadithi kwa miaka. Huba na Jua Kali, ya pili ikiongozwa na Leah Mwendamseke maarufu kama Lamata, zimewapa waigizaji kitu ambacho DVD haikuwapa: kazi ya kila wiki.

Upande wa kuingiza sauti, rekodi ni ya kisa cha Doudou na mama wakwe zake, kilichorushwa na TBC mwaka 2011, tamthilia ya kwanza ya Kichina kuwekewa sauti za Kiswahili. Ilipendwa kiasi kwamba Rais Xi Jinping aliitaja katika hotuba yake Dar es Salaam Machi 2013. Ugomvi wa mkwe na mama mkwe hauhitaji pasipoti. Baadaye Azam wakaleta za Kituruki, na Sultan ikawafanya watu wafunge biashara mapema.

Zilizofika meza za juu

Tanzania imekuwa na filamu chache mno zilizopelekwa kuwania Oscar. Ya kwanza ilikuwa Maangamizi ya Martin Mhando na Ron Mulvihill, mwaka 2001. Ilipita zaidi ya miaka 20 kabla ya Vuta N'kuvute ya Amil Shivji kupelekwa, na hilo ndilo pengo refu zaidi la kusikitisha katika orodha hii. Vuta N'kuvute, iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi, ilionyeshwa kwanza kwenye tamasha la Toronto Septemba 2021, kukiwa hakuna filamu ya Kitanzania iliyowahi kuchaguliwa hapo kabla yake. Binti ya Seko Shamte, visa vinne vya wanawake wa Dar es Salaam, inatajwa kuwa filamu ya kwanza ya Kitanzania kuingia Netflix.

Na mhusika mkuu mwenye cheo kikubwa kuliko wote ni Rais Samia Suluhu Hassan, aliyeongoza kamera za Peter Greenberg katika The Royal Tour, iliyozinduliwa New York Aprili 2022.

Kundi kubwa kuliko yote: wasiohesabiwa

Sasa tufike kwenye rekodi ambayo haijaandikwa popote.

Mwishoni mwa 2024 laini za intaneti nchini zilikuwa zimevuka milioni 40. Ni nyingi, lakini laini si mtu, na kuwa na laini si kuwa na bando. Anayelima mpunga au kuchunga huku Katavi hatamalizia MB zake kwenye filamu ya saa mbili. Anakwenda kwenye kibanda cha kurushia nyimbo na muvi. Fundi ana kompyuta moja, kisoma kadi, na mafaili yaliyopangwa: zilizotafsiriwa, za Kihindi, za Kikorea, Singeli, Kwaya, Kisukuma. Mteja anachomoa memori kadi nyuma ya betri ya simu, anaipuliza vumbi, anasema awekewe za mapigano mpya na za Bhudagala, msanii wa Kisukuma ambaye wafugaji wanamjua kuliko nyota wengi wa Dar. Dakika chache kadi imejaa, amelipa, anaondoka.

Usiku ule simu yake inatazamwa na watu wanne. Kesho anamrushia shemeji yake, bila bando wala mtandao. Muvi ileile ikiwekwa kwenye banda la video lenye sola na mabenchi, wakakaa watu arobaini, na kiingilio wamelipa. Ukienda YouTube kuangalia hesabu, mkusanyiko wote huo utaukuta umesomeka mara moja tu, siku fundi alipoipakua. Pengine hata hiyo mara moja haipo, kwa sababu faili lilifika kwa flashi kutoka Mpanda.

Zidisha hilo kwa kila kijiji cha njiani kutoka Sitalike hadi Sumbawanga, kutoka Kaliua hadi Kigoma. Hao ndio waliomfanya Lufufu kuwa Lufufu. Hao ndio waliokuwa wakimlilia Kanumba bila kuwahi kufika Leaders. Kwa imani yangu ni wengi kuliko watazamaji wote wanaoonekana kwenye vioo vya simu za Dar es Salaam, na kwa sababu hakuna anayewahesabu, hakuna anayewatengenezea, na msanii hapati chake kutoka kwao.

Hili linarekebishika. Bodi ya Filamu na COSOTA, wasimamizi wa hakimiliki, wanaweza kuwasajili mafundi wa kurushia muvi na wenye mabanda kama mawakala, wakapewa kazi halali za kuuza kwa bei ya kijijini na kutakiwa kuandika wameuza nini, badala ya kusubiri kuwakamata. Wasambazaji nao wawape wasimulizi mikataba, kwa kuwa ndio wanaojua njia ya kufika kwa mtazamaji huyu. Msanii aliyezoea kuangalia YouTube asubuhi afunge safari mpaka Katavi mara moja aone kazi yake inakofika.

Na wewe unayerushiwa muvi, uliza kwanza kama fundi wako ana kazi halali ya Kitanzania, na ukiikuta, ilipie. Siku malipo yako yatakapoandikwa, Sitalike nayo itakuwa imeingia kwenye rekodi.